Mikanda ya filamu inayonuka siki, ufanyeje

Ndugu, hiyo mikanda ya 16mm uliyorithi inayonuka siki usiiweke kwenye projekta kwanza, najua una hamu ya kuiona ila kama imesinyaa meno ya mashine yatachana vile vitundu vya pembeni na hapo ndo basi tena. Hiyo harufu ni asetati, yaani plastiki ya mkanda wenyewe, inaoza, na mvuke wake unaharibu hata mikanda mizima iliyo karibu, kwa hiyo itenge leo leo, weka pakavu penye baridi, itaendelea kuoza ila polepole. Halafu tafuta mwenye skana ya filamu, aanze na iliyooza zaidi. Ukishapata kopi ya dijitali usitupe orijino jamani, huwa inaniuma sana, hadi diski za kuhifadhia kopi nazo zinakufa! Maandishi ya kwenye makopo ya mikanda yapige picha pia.