Destroya za Japani: zilijengwa kwa vita vya usiku, zikabebeshwa mchele

Toleo lililopita niligusia kwa mistari michache destroya za Japani za Vita Kuu ya Pili, na barua zikamiminika. Nimechagua sita. Mimi nimefanya kazi miaka mingi katika vyumba vya mashine vya meli za mvuke, kwa hiyo leo nitakaa zaidi kwenye mabomba na vyuma kuliko kwenye vyeo vya maadmeri.

Shikamoo mzee. Nasoma kidato cha tano. Mwalimu wetu alisema destroya za Japani zilikuwa bora kuliko zote duniani vita vilipoanza. Destroya ni meli gani, na hizo zilizidi wenzake kwa nini? (Msomaji, Tanga)

Marahaba mwanangu. Destroya ni manowari nyembamba yenye mbio, isiyo na deraya ya maana. Nguvu yake ni spidi, mizinga midogo na topido, yaani bomu refu linalojiendesha lenyewe chini ya maji. Katika mataifa mengi ilikuwa mlinzi wa meli kubwa. Japani iliitaka ishambulie.

Sababu yake ni mkataba wa Washington wa mwaka 1922. Katika manowari kubwa, Uingereza na Marekani zilipewa mafungu matano kila moja, Japani matatu. Maadmeri wa Tokyo wakapiga hesabu: wakipigana na Marekani, meli za Marekani zitavuka Bahari ya Pasifiki kuja kwao, na lazima zipunguzwe njiani, usiku, kwa topido, kabla ya pambano kubwa la mchana. Destroya zikaundwa kwa kazi hiyo.

Mwaka 1928 ikatoka Fubuki. Ilikuwa na mizinga sita ya sentimita 12.7, iliyowekwa miwilimiwili ndani ya vibanda vya chuma vilivyofunikwa, wakati mabaharia wa mataifa mengine bado walikuwa wakipakia mizinga huku mawimbi yakiwapiga usoni. Ilikuwa na mirija tisa ya topido za sentimita 61, na za Waingereza na Wamarekani zilikuwa za sentimita 53. Spidi yake ilikusudiwa kufika noti 38, yaani maili 38 za baharini kwa saa. Mwaka huo hakuna destroya nyingine iliyoifikia.

Mazoezi nayo yalikuwa makali kupita kiasi. Agosti 1927, katika zoezi la usiku karibu na Mihonoseki, pwani ya Japani, taa zikiwa zimezimwa na meli zikienda mbio, kruza Jintsu (kruza ni manowari kubwa kuliko destroya) iliigonga destroya Warabi ikaikata. Mabaharia zaidi ya 100 walikufa. Mazoezi ya usiku hayakusimamishwa.

Mzee, nilisikia baadhi ya meli hizo zilikatika zenyewe baharini bila adui. Kweli? (Msomaji, Unguja)

Kweli tupu, na watu wa Unguja mtalielewa upesi kuliko wengine. Jahazi likibeba shehena yote juu na farumi, ule uzito wa chini wa kulisimamisha, haitoshi, linaweza kulala kwa upepo wa kawaida. Waunda meli wa Japani walirundika mizinga, mirija na madaraja marefu (vyumba vya kuongozea meli) juu ya kiwiliwili chembamba, na kila mara mkuu fulani akaomba silaha moja zaidi.

Tarehe 12 Machi 1934 boti ya topido Tomozuru ilipinduka katika dhoruba karibu na Sasebo. Ilikuwa na mabaharia 113, na 100 wakafa. Boti ya tani zisizofika 600 ilikuwa imebebeshwa mizinga ya saizi ileile ya Fubuki! Mwaka uliofuata, Septemba 1935, kikosi kizima kiliingia katika tufani wakati wa mazoezi. Destroya mbili za aina ya Fubuki, Hatsuyuki na Yugiri, zilikatika omo, yaani sehemu ya mbele.

Kwangu mimi hapa ndipo Wajapani walipoonyesha uungwana wa kazi. Walizirudisha meli gudini, wakaongeza farumi chini, wakapunguza uzito wa juu na kuimarisha mbavu. Fubuki ikatoka nzito zaidi, spidi imeshuka hadi noti 34, lakini inakaa wima. Mafunzo hayo ndiyo yaliyozaa aina ya Kagero, ya mwishoni mwa miaka ya 1930, ambayo naihesabu kuwa destroya yao iliyotimia.

Mimi ni fundi wa kuchomelea. Umeandika kwamba topido yao ilitumia oksijeni. Mbona haikuwalipukia? (Msomaji, Kisumu)

Swali la fundi hasa. Wewe unajua kwamba mtungi wa oksijeni haushikwi kwa mkono wenye grisi. Tone la mafuta kwenye valvu, gesi ikifunguliwa kwa shinikizo, linawaka lenyewe. Mimi nilimfukuza kijana wangu karakana siku nzima kwa kosa hilo, na ningemfukuza tena.

Topido ya kawaida ya wakati ule iliunguza mafuta kwa hewa iliyoshindiliwa. Hewa hiyo karibu sehemu nne katika tano ni naitrojeni, isiyosaidia moto lolote, na ikitoka nyuma huacha mkondo wa mapovu unaoonekana juu ya maji. Ukiweka oksijeni tupu mahali pake, unapata nguvu maradufu katika nafasi ileile, na moshi wake, ambao ni mvuke na kaboni dayoksaidi, mwingi huyeyuka majini. Mataifa mengine yalijaribu yakaogopa milipuko.

Wajapani, wakiongozwa na maofisa kama Kishimoto Kaneji, walishinda kwa uangalifu wa mikono. Mabomba yalioshwa kwa dawa mpaka lisibaki tone la mafuta. Kona kali zikaondolewa, kwa kuwa kwenye kona ndipo uchafu hujificha na gesi kupata joto. Kisha ikaja hila kubwa kuliko zote: mashine iliwashwa kwa hewa ya kawaida kwanza, halafu oksijeni ikaingizwa kidogokidogo, moto ukiwa tayari umetulia. Nikisoma habari hiyo nawaona mafundi wenyewe, na kitambaa safi mkononi.

Matokeo yake ni topido ya Aina ya 93: urefu mita 9, uzito tani 2.7, na kichwa cha baruti cha kilo 490. Ilikwenda kilomita 20 kwa noti 48 hivi, na kilomita 40 kwa spidi ndogo. Wamarekani walipigwa nayo mara nyingi bila kuamini kwamba topido inaweza kutoka mbali kiasi hicho. Wengine walidhani wamevamiwa na nyambizi. Juu ya hayo, destroya nyingi za baadaye zilibeba topido za akiba na vifaa vya kupakia upya palepale vitani.

Ila jambo moja silifichi. Topido hizo zilikaa kwenye sitaha, juu ya vichwa vya mabaharia wao wenyewe. Bomu la ndege likipiga hapo, meli imekwisha.

Jambo, baba. Kama meli zilikuwa nzuri hivyo, kwa nini karibu zote zilizama? (Msomaji, Bukavu)

Jambo, ndugu yangu. Japani ilipoteza destroya zaidi ya 120. Pambano lile kubwa la usiku zilizoundwa kulipigana halikutokea kama lilivyopangwa. Zikapewa kazi za watu wengine.

Chukua Guadalcanal, kisiwa cha Visiwa vya Solomon katika Pasifiki, mwaka 1942. Ndege za Marekani zilitawala mchana kutoka kiwanja cha ndege cha Henderson kisiwani humo, na meli za mizigo za Japani, zilizo polepole, zikichomwa kabla hazijafika. Ni destroya tu zilizoweza kuingia usiku wa manane, kushusha mzigo na kuwa mbali kabla ya mapambazuko. Wamarekani wakaiita safari hiyo Tokyo Express. Lakini destroya haina ngama ya shehena. Inabeba askari 150 hivi na mzigo kidogo, mizinga mizito haiwezi. Askari waliokuwa kisiwani wakawa wanakula majani.

Hapo ndipo ilipobuniwa njia ya mapipa. Pipa la chuma lilioshwa, likatiwa mchele au shayiri bila kujazwa, ili lielee, kisha likafungwa kamba pamoja na mengine. Kila destroya ilibeba mapipa 200 hadi 240 kwenye sitaha. Karibu na ufuo yalisukumwa majini, na watu wa nchi kavu wavute kamba. Usiku wa tarehe 3 Desemba yalitupwa mapipa 1,500, yakaokotwa 310 hivi. Kamba zilikatika, waliozivuta walikuwa wamekonda kwa njaa, na kulipokucha ndege zikayatoboa yaliyobaki kwa risasi.

Siku chache kabla, tarehe 30 Novemba, Admeri Tanaka Raizo alikuja Tassafaronga, pwani ya Guadalcanal, na destroya nane, sita zikiwa na mapipa. Hizo sita zilikuwa zimeacha topido za akiba nyumbani ili kupunguza uzito. Zikakutana na kruza tano na destroya sita za Marekani, zenye rada. Wamarekani walifyatua kwanza, na mizinga yao karibu yote ikaielekea Takanami iliyokuwa karibu zaidi. Zile nyingine hazikujibu kwa mizinga, maana mwako wa mzinga ungezifichua. Ziligeuka na kurusha topido zaidi ya 40 kwa dakika chache. Kruza nne zilipigwa. Northampton ilizama, na New Orleans ilipoteza omo yote mpaka kwenye banda la pili la mizinga. Japani ilipoteza Takanami peke yake. Lakini mapipa hayakufika, na askari wa Guadalcanal walilala njaa usiku ule. Tanaka, ambaye hakuficha maoni yake juu ya kazi hiyo, baada ya muda mfupi aliondolewa baharini.

Miezi minane baadaye, usiku wa tarehe 6 Agosti 1943 katika ghuba ya Vella, huko huko Visiwa vya Solomon, Wamarekani walikuwa wamejifunza. Destroya zao sita ziliona kwa rada, zikarusha topido kwanza, na katika destroya nne za Japani tatu zikazama. Shigure tu ndiyo iliyopona. Topido moja ilitoboa usukani wake bila kulipuka.

Walioziua pole pole zaidi walikuwa nyambizi. Destroya za Japani zilikuwa dhaifu katika kusikiliza nyambizi na zilibeba mabomu machache ya kuzipigia. Juni 1944, karibu na Tawi-Tawi, kisiwa cha Ufilipino, nyambizi moja ya Marekani, Harder, ilizamisha destroya tatu kwa siku chache.

Mwaka 1943 Japani ilianza kuunda destroya za aina ya Matsu: ndogo, za bei nafuu, noti 28 tu. Wengi huzidharau. Mimi naziheshimu kuliko zote. Katika destroya za awali boila zilikaa pamoja na mashine zikafuata nyuma yake, kwa hiyo pigo moja liliweza kuifisha meli nzima. Matsu ilipanga boila na mashine, halafu boila nyingine na mashine nyingine. Upande mmoja ukijaa maji, ule mwingine unakurudisha bandarini. Laiti zingeanza kuundwa mwaka 1938, misafara ya mafuta na mchele ingepata walinzi wa kweli.

Je, ipo destroya iliyopona vita? (Msomaji, Dar es Salaam)

Zilipona chache. Katika 19 za aina ya Kagero ilipona moja, Yukikaze, iliyopigana tangu mwanzo hadi mwisho. Mwaka 1947 ilikabidhiwa China kama fidia ya vita, ikahudumu Taiwan kwa jina la Tan Yang. Imeshavunjwa, nanga yake na gurudumu la usukani vipo Etajima, Japani.

Marehemu babu alikuwa kuli Kilindini. Alisimulia kwamba mwaka 1942 Mombasa ilijaa manowari za Waingereza zilizomkimbia Mjapani. Destroya za Japani zilifika huku? (Msomaji, Mombasa)

Babu yako alisema kweli, Mungu amrehemu. Aprili 1942 Admeri Nagumo aliingia Bahari ya Hindi na meli tano za kubebea ndege. Destroya zilizomlinda zilikuwa pamoja na Urakaze, Isokaze na Tanikaze, na hiyo Tanikaze ni mojawapo ya zile tatu za Tawi-Tawi. Colombo ilipigwa tarehe 5, Trincomalee tarehe 9. Waingereza wakaona Ceylon (Sri Lanka ya leo) si salama, wakaihamishia Kilindini sehemu kubwa ya meli zao. Wasikilizaji wao wa siri za redio za Japani nao walikuja, wakafanya kazi katika shule ya Allidina Visram. Jengo hilo unalijua.

Destroya za Japani hazikufika pwani yetu. Nyambizi zao zilifika, na katikati ya mwaka 1942 zilizamisha meli nyingi za mizigo katika mlango bahari wa Msumbiji.

Msiba mkubwa ulikuja baadaye. Februari 1944 meli ya Khedive Ismail ilitoka Mombasa kwenda Colombo. Ndani yake walikuwamo askari wa mizinga wa Afrika Mashariki, wa Rejimenti ya 301, pamoja na wauguzi wanawake. Tarehe 12, karibu na Maldivi, nyambizi ya Japani I-27 iliipiga topido mbili, ikazama kwa dakika mbili hivi. Destroya mbili za Uingereza, Petard na Paladin, ziliisaka nyambizi hiyo, na kwa kuwa ilijificha chini ya watu walioelea, mabomu yaliangushwa karibu nao. Hatimaye waliizamisha. Waliokufa kutoka Khedive Ismail ni karibu watu 1,300, mamia yao vijana wa huku kwetu.

Kama kuna familia inayotafuta jina la ndugu aliyepotea katika meli hiyo, askari wa Afrika Mashariki waliokufa wanakumbukwa kwenye Mnara wa Afrika Mashariki, ndani ya makaburi ya vita ya Nairobi, barabara ya Ngong.