Usinunue shokapu kabla hujafungua linki za stabilaiza

Usizinunue hizo shokapu. Umeandika kwamba gari lako, Toyota Premio, linagonga mbele upande wa kushoto unapopita mwendo mdogo kwenye barabara ya mawe, kwamba fundi amepiga jeki, akalitikisa gurudumu, akakuambia shokapu zote mbili zimekufa, na kwamba kesho asubuhi unampelekea fedha. Umeuliza kama ununue mpya au zilizotumika kutoka Japani, na kama matairi mapana zaidi yatasaidia kupunguza kelele. Nimeisoma habari yako mara mbili na nimeiona kuwa ni habari yangu mwenyewe ya mwaka 2022, hata maneno aliyotumia fundi ni yale yale, na ndiyo maana nakuomba fedha hiyo ikae mfukoni mwako mpaka umalize kusoma hapa.

Nina Toyota Allion, ambayo huku chini inafanana na Premio yako karibu kwa kila kitu. Wakati huo niliishi Nyegezi, hapa Mwanza, na kila wiki nilivuka kwa kivuko cha Kamanga kwenda Sengerema kikazi. Sauti ilianza kidogo kidogo, ko, ko, ko, kama mtu anayegonga bati kwa kifundo cha kidole, na nilikuwa nikiisikia hasa mahali pawili: kwenye barabara za mawe zinazopanda vilima vya jiji letu, na pale gari linapopanda mlango wa kivuko kwa mshazari, tairi moja likitangulia na jingine likiwa bado chini. Kwenye lami tambarare kulikuwa kimya kabisa. Hata kwenye tuta la barabarani, nikilipita moja kwa moja, sikusikia kitu. Dalili zote zilikuwa wazi mbele yangu, lakini sikujua kuzisoma, na yule niliyemlipa ili anisomee hakuzisoma pia.

Fundi wa kwanza alipiga jeki upande wa kushoto peke yake, gurudumu likaning'inia, akalishika juu na chini akalitikisa, kisha akashika linki ya stabilaiza, kile kijiti kifupi kinachounganisha shokapu na nondo inayozuia gari kulala kwenye kona, akaivuta kwa mkono. Haikucheza. Akasema, "Bosi, linki ni nzima kabisa, hizi shokapu ndizo zimekufa, ona zinavyotoka jasho." Akanionyesha vumbi lililoshikana na mafuta kidogo kwenye mwili wa shokapu. Nilimwamini kwa sababu aliongea bila kusita, na kwa sababu duka alilonielekeza lilikuwa hatua chache tu kutoka gereji yake. Baadaye nilikuja kujua kwamba muuzaji na fundi walikuwa wakigawana faida. Nililipa shilingi 180,000 kwa shokapu mbili zilizotumika na 40,000 za kazi.

Siku tatu za kwanza kelele zilipungua, na hapo ndipo penye mtego ulionifunga. Ili kuitoa shokapu kwenye gari hizi ni lazima kwanza uifungue linki ya stabilaiza, kwa kuwa ncha yake ya juu imefungwa kwenye mwili wa shokapu yenyewe. Fundi alizifungua linki zangu kuukuu, akaweka shokapu, kisha akazirudisha linki zile zile na kuzikaza vizuri kuliko zilivyokuwa. Nadhani kukazwa kule ndiko kulikopunguza sauti kwa muda. Wiki ya pili kelele zilirudi, safari hii kwa nguvu zaidi, na nilipompelekea gari akaniambia kwamba sasa imebaki reki ya stelingi, kile kifaa kinachogeuza magurudumu ukikata stelingi. Reki iliyotumika ilinigharimu 320,000 na kazi 60,000. Sauti haikuguswa hata kidogo.

Jambo lililoniuma zaidi lilifuata baada ya hapo. Hakuna aliyenieleza kwamba ukishatoa shokapu za mbele, na zaidi ukishabadilisha reki, ni lazima gari lipelekwe kupimwa alaimenti, kwa sababu pembe za magurudumu zimevurugwa. Niliendesha hivyo kwa miezi miwili, mpaka kijana mmoja wa kuosha magari alipoinama na kuniambia kwamba matairi ya mbele yameisha upande wa ndani hadi nyuzi zinaonekana. Nilikuwa nimewabeba watoto wangu kwenda Usagara na kurudi juu ya matairi hayo. Matairi mawili yalikuwa 260,000. Ukijumlisha yote, nilitumia shilingi 860,000 kutafuta kelele ya vijiti viwili vya linki ambavyo dukani nilivipata kwa 50,000 vyote viwili, na kazi 15,000. Bado nina hasira na fundi yule, na sijioni nakosea, kwa sababu mtu anayepokea fedha ya mwenzake kwa kukisia, kisha akapokea tena kwa kukisia mara ya pili, anachukua ada ya shule ya watoto wa watu.

Sasa nikueleze kwa nini kipimo chake kilikuwa cha uongo, maana na wewe umepimiwa hivyo hivyo. Stabilaiza ni nondo ndefu iliyopinda inayounganisha upande wa kushoto wa gari na wa kulia ili bodi lisilale sana kwenye kona, na linki ni kile kijiti kifupi chenye boli jointi ndogo kila mwisho, yaani kiungo cha tufe la chuma linalozunguka ndani ya kikombe, kinachoishika nondo hiyo na shokapu. Ukipiga jeki upande mmoja tu, gurudumu la upande huo linashuka huku la pili likiwa limebaki juu, nondo inajipinda, na mpindo huo unaibana linki kwa nguvu hata iwe imekufa namna gani. Ukiivuta kwa mkono wakati huo utaikuta imetulia kama mpya. Linki hupimwa magurudumu yote mawili yakiwa chini, gari likiwa juu ya shimo la gereji, au yote mawili yakiwa yameinuliwa sawasawa na gari limewekwa juu ya stendi imara. Hapo nondo inakuwa huru, na linki iliyokufa utaisikia ikicheza mkononi.

Kwa sababu hiyo hiyo tuta linalopitwa na magurudumu yote mawili kwa pamoja huwa halipigi kelele: nondo inapanda na kushuka nzima bila kujipinda, na linki haivutwi sana. Barabara ya mawe hupandisha gurudumu moja huku ikishusha jingine, linki ikavutwa na kusukumwa kila mita, na ule uwazi mdogo ndani ya boli jointi ndio unaogonga. Sauti hiyo hupanda kupitia mwili wa shokapu hadi juu karibu na dashibodi, na ndiyo maana masikio ya kila mtu husema ni shokapu. Wewe mwenyewe umeandika kwamba kwenye matuta ya kuelekea Buhongwa gari lako ni kimya na kwenye mawe linagonga. Kwangu mimi sentensi hiyo ina uzito kuliko yote aliyokuambia fundi.

Kanuni yangu, ambayo nimeilipia na sitaki mwingine ailipie, ni hii: usinunue kifaa chochote cha mbele kabla hujazitoa linki zote mbili na kuliendesha gari bila hizo kwenye barabara ile ile inayokupa kelele. Nilifundishwa na mzee mmoja fundi wa Igoma, ambaye hakupiga jeki wala kutikisa chochote, bali aliniuliza tu kelele zinatokea wapi na wapi hazitokei. Akaingia chini, akazitoa linki zote mbili, akazifunga ncha za nondo kwa mpira wa tyubu ili zisigonge, akaniambia, "Mwanangu, kazunguke ile barabara mbovu polepole, urudi." Niliendesha polepole kama mwendo wa mtu anayetembea, na kwa mara ya kwanza baada ya miezi mitano nilisikia mawe yakisagika chini ya matairi bila ile ko, ko. Nilisimamisha gari pembeni nikakaa kimya kwa muda.

Ukifanya jaribio hilo, toa zote mbili, siyo moja, na uziondoe kabisa zisibaki zikining'inia. Nenda polepole, umbali mfupi, bila abiria, kwa sababu gari litalala zaidi kwenye kona. Halifai kupelekwa barabara kuu likiwa hivyo. Kelele zikiondoka, tatizo ni linki au bushi, zile raba zinazoishika nondo kwenye fremu, na bushi utazijua kwa kuitikisa nondo kwa mtaimbo karibu na pale zilipo. Kelele zikibaki vile vile, basi linki hazina hatia, na hapo ndipo uanze kuangalia shokapu, bushi za aamu ya chini, ule mkono wa chuma unaoshika gurudumu kwa chini, na mengineyo. Kabla ya yote hayo, lakini, mwambie fundi aikague boli jointi ya chini, ile kubwa inayounganisha gurudumu na aamu, kwa mtaimbo, kwa sababu hiyo ikichomoka gurudumu linalala ukiwa barabarani. Linki iliyochoka itakusumbua kwa kelele na kuyumba. Boli jointi ya chini inaua, na haisubiri majaribio.

Linki zikiwa mkononi, jipimie mwenyewe. Shika kijiti, usukume ile bolti ya boli jointi kwa kidole. Iliyo nzima hukataa, husogea kwa ugumu na kubaki pale ulipoiacha. Iliyokufa hulegea na kuanguka kwa uzito wake yenyewe, na mara nyingi utakuta raba yake imechanika, ndani kuna mchanga na kutu mahali palipotakiwa kuwa na grisi. Zangu zilikuwa na maji ya tope.

Kuzibadilisha hakuna siri kubwa, ila kuna mahali ambapo mafundi huharibu. Nati ni ya spana namba 17, na katikati ya bolti yake kuna tundu la pembe sita la kuishikia kwa alenki namba 6, kwa sababu bila kuishika bolti yote huzunguka pamoja na nati na kuichana raba. Safisha nyuzi kwa brashi ya waya na uweke mafuta ya kulegeza kutu usiku uliotangulia, maana unyevu wa huku ziwani unazishika nati hizo vibaya mno. Tundu la alenki likiliwa, nati ikatwe kwa grainda, lakini kwa uangalifu, kwani paipu ya breki na waya wa sensa viko karibu kabisa. Linganisha urefu wa linki mpya na ya zamani kabla ya kufunga. Inua magurudumu yote mawili. Fundi akiinua upande mmoja, tundu na bolti havitakutana, na utamwona akichukua nyundo. Ukimwona amechukua nyundo, msimamishe. Funga mpya pande zote mbili pamoja na nati zake mpya, na kipimo cha kukazia nati hizo kwenye gari hizi ni Nm 74. Asiye na spana ya kupimia mkazo akaze kwa mkono imara na asitumie mashine ya upepo, ambayo huizungusha boli jointi mpya na kuimaliza siku hiyo hiyo. Baada ya kubadilisha linki peke yake huhitaji alaimenti, kwa kuwa linki haishiki pembe yoyote ya gurudumu. Mtu akikudai fedha ya alaimenti kwa kazi ya linki tu, mkatalie.

Usikubali pia maneno ya kwamba linki za bei rahisi ni sawa na nyingine zote. Za kwanza nilizofunga zilidumu miezi saba kwenye mawe yetu haya, na raba zake zilipasuka kama karatasi. Nilizonazo sasa nilizichagua kwa kuzipekecha mkononi pale pale dukani, nikaziacha zote zilizolegea zikiwa bado ndani ya boksi, na muuzaji alinikasirikia, lakini zimetimiza miaka miwili sasa zikiwa kimya.

Kwa hiyo kesho asubuhi usiende na fedha ya shokapu. Nenda na gari, mwambie fundi azitoe linki zote mbili ukiwa umesimama hapo unaona, mlipe kazi yake ya kufungua na kufunga, kisha uizunguke barabara ile ya mawe. Akikataa kuzifungua kwa madai kwamba ameshazipima kwa jeki, chukua funguo zako uondoke. Ukimaliza niandikie hapa hapa kama sauti imeondoka au imebaki, na kama imebaki uniambie inagonga unapokata stelingi gari likiwa limesimama au linapotembea tu, ili tujue pa kuendelea kabla hujatoa shilingi.