Kung'atwa mkononi: S60 au S61? Majibu kwa wasomaji

Maswali ya safari hii yametoka kwenye zahanati na vituo vya afya vya Dar es Salaam. Karibu yote yanarudi palepale: ngozi ilitoboka au haikutoboka? Tumejibu kwa kufuata ICD-10, orodha ya Shirika la Afya Duniani (WHO) ya misimbo ya magonjwa na majeraha. Humo S60 ni majeraha ya juujuu ya kifundo cha mkono na kiganja, na S61 ni vidonda vya wazi vya sehemu hizohizo.

Nimepata S60.571A kwenye intaneti, lakini mfumo wetu unaukataa. Kosa liko wapi? (Karani wa madai ya bima, Tabata)

Huo ni msimbo wa Marekani. Wenzetu wa huko wana toleo lao, ICD-10-CM, ambalo msimbo wake hufika hadi alama saba. Hapo S60.57 ni jeraha la juujuu la kung'atwa kiganjani, 1 ni mkono wa kulia, na A inaonyesha kwamba jeraha lenyewe bado linatibiwa. Toleo la WHO halina kulia wala kushoto kwenye sehemu hii. Tumia S60.8, majeraha mengine ya juujuu ya kifundo cha mkono na kiganja, na upande uandikwe kwa maneno kwenye faili. Usikate tu alama za mwisho ukabaki na S60.5, maana katika toleo la WHO haipo.

Mtoto kang'atwa na mbwa mtaani, kidonda ni kidogo sana. Naomba kuelekezwa: S60 au S61? (Tabibu, Mbagala)

Ukubwa wa kidonda hauamui. Osha kwanza kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha angalia kwenye mwanga mzuri. Kama meno yamebonyeza au kukwaruza tu na ngozi haikutoboka, uko S60: ngozi iliyovilia damu kidoleni bila kucha kuumia ni S60.0, ikiwa kiganjani ni S60.2, na mchubuko wa ngozi ni S60.8. Jino likishatoboa, hata tundu liwe kama la sindano, umeingia S61. Kidole ambacho kucha yake ni nzima ni S61.0, kucha ikiumia ni S61.1, kiganja ni S61.8, na vidonda vya wazi vikiwa vingi ni S61.7. S60.9 na S61.9 maana yake mahali pa jeraha au aina yake haikutajwa; mgonjwa yuko mbele yako, hakuna sababu ya kuzitumia.

Kisha ongeza sababu: W54 ni mbwa, na tarakimu ya nne ni mahali. Nyumbani ni W54.0, shuleni W54.2, barabarani W54.4, sokoni au dukani W54.5. Msimbo wa sababu haukai peke yake wala hautangulii jeraha.

Tunalisisitiza hili kwa sababu kinga ya kichaa cha mbwa inapangwa kwa kigezo hichohicho. WHO inaweka mikwaruzo midogo isiyotoa damu kwenye daraja la pili, yaani kuosha na kuchanja. Ngozi ikitobolewa ni daraja la tatu: kuosha, kuchanja na kuongeza globulini ya kinga (kingamwili zilizo tayari) kwenye kidonda. Faili ikisema S60 wakati mtoto amechomwa globulini, mkaguzi wa bima atauliza, na ana haki. Linalotutia hofu zaidi ni kinyume chake: mtu anaandika S60 kwa tundu dogo, anayempokea mtoto baadaye anaamini ngozi haikutoboka, na globulini haitolewi.

Tukiandika A82 ili chanjo ilipwe, kuna ubaya? (Muuguzi, Kigamboni)

Upo, tena mkubwa. A82 ni mgonjwa mwenye kichaa cha mbwa, ugonjwa ambao dalili zikishaanza karibu kila mara huua. Ukimwandikia aliyekuja kuchanjwa, umeingiza kwenye takwimu mgonjwa ambaye hayupo. Aliyekutana na hatari ya ugonjwa ni Z20.3, na anayehitaji chanjo yake ni Z24.2. Akirudi kwa dozi zinazofuata na kidonda kimepona, Z24.2 inatosha. Chanjo ya pepopunda peke yake ni Z23.5.

Na paka? Na panya? (Msomaji, Sinza)

Paka ni W55, panya ni W53. Meno ya paka ni membamba na huingia ndani sana huku juu pakionekana kitone tu, kwa hiyo mara nyingi jibu ni S61.

Kijana kampiga mwenzake ngumi mdomoni, jino limemchana kwenye kifundo cha kidole. Anadai kajikwaruza. (Tabibu, Kariakoo)

Kidonda cha hapo kichukulie kuwa ni jino hadi uthibitishe vinginevyo. Kikague akiwa amekunja ngumi vilevile kama alivyopiga, kwa sababu akinyoosha vidole, kano iliyokatika huteleza na kujificha chini ya ngozi nzima. Kioshe vizuri, usikishone, na mpe rufaa mapema, kwani kiungo kinaweza kuwa kimefunguka. Jeraha ni S61.8; kano ya kunyoosha kidole ikiwa imekatika, ongeza S66.3, au S66.2 kwa kidole gumba. Kama ni ugomvi, sababu ni Y04, na PF3, fomu ya polisi ya matibabu ya majeruhi, ihusike. W50 ni ya bahati mbaya, kama watoto wanaong'atana wakicheza shuleni: W50.2. Sababu iandikwe kadiri mgonjwa alivyoeleza na ulivyoona, usiibuni kwa ajili ya malipo.

Aliyeng'atwa kidole na mbwa amerudi baada ya siku tatu, kidole kimevimba na ni chekundu. Tuendelee na S61.0? (Karani wa kumbukumbu, Temeke)

Kilichomleta sasa ni maambukizi, kiandikwe kwanza: L03.0 kwa kidole, L03.1 kwa kiganja. Usaha ukiwa umejikusanya kuwa jipu ni L02.4. S61.0 na W54 zifuate chini yake, ili anayesoma ajue chanzo ni meno ya mbwa na aulize dozi za chanjo zimefikia wapi.