Amana ya asilimia 75: ya kujua kabla ya kukata rufaa ya mfuko wa akiba India

Wanaoanza kushughulikia kesi za Mfuko wa Akiba ya Wafanyakazi wa India hujaza kurasa za hoja za rufaa, halafu suala la amana wanaliwekea aya moja mwishoni. Wanakosea mpangilio. Amana ndiyo mlango. Usipoupita, hoja zako hakuna atakayezisoma.

Kifungu cha 7-O cha Sheria ya 1952 ya mfuko huo kinasema Baraza, yaani chombo kinachosikiliza rufaa hizi, halitapokea rufaa ya mwajiri mpaka aweke asilimia 75 ya deni la michango lililopangwa na ofisa wa mfuko chini ya kifungu cha 7A. Deni likiwa rupia laki 40, amana ni laki 30. Kifungu hichohicho kinaliruhusu Baraza kupunguza au kusamehe kiasi hicho, ila kwa sababu zilizoandikwa. Shika maneno hayo mawili ya mwisho, utayahitaji Mahakama Kuu.

Angalia pia aina ya amri unayoipinga. 7-O inataja deni la 7A tu, kwa hiyo amri ya adhabu ya kuchelewesha michango, yaani 14B, ina hoja nzuri ya kutodaiwa amana. Hata hivyo Baraza laweza kutaka kiasi fulani ndipo lisimamishe utekelezaji. Hilo ni sharti la zuio, lijibu hivyo. Riba ya kuchelewa kulipa, yaani 7Q, ikitolewa kwa amri ya peke yake haina rufaa. Ikiunganishwa na 7A katika amri moja, zote zinakatiwa rufaa pamoja. Mahakama ya Juu ilieleza hivyo mwaka 2013 katika shauri la Arcot Textile Mills.

Ombi la kupunguziwa liwe hati tofauti, lenye kiapo chake. "Kampuni ina hali ngumu" si ushahidi. Ambatisha mizania iliyokaguliwa ya miaka mitatu, taarifa za benki za karibuni, orodha ya madeni, na risiti za chochote kilicholipwa wakati wa uchunguzi ili kihesabiwe. Kisha onyesha hoja moja au mbili zenye nguvu. Mfano: ofisa amepiga hesabu kwa jumla ya malipo bila kuwatambua wafanyakazi wanaohusika, ingawa alikuwa na uwezo wa kuita kumbukumbu za wakandarasi. Lakini ukitegemea kwamba posho hazihesabiwi katika mshahara wa kukokotoa michango, ujue uamuzi wa Mahakama ya Juu wa 2019 katika shauri la Vivekananda Vidyamandir umeibana sana hoja hiyo pale posho inapolipwa kwa wote.

Baraza likikataa, unakwenda Mahakama Kuu kwa kifungu cha 226 au 227 cha Katiba, vinavyoipa uwezo wa kukagua maamuzi ya mabaraza. Jaji hatapima deni upya. Anauliza: Baraza lilisoma nini, na limeandika sababu gani? Amri ya mistari mitatu, "waombaji wamesikilizwa, waweke asilimia 50 ndani ya wiki nne", bila neno juu ya mizania wala hoja, inapingika hata kama asilimia 50 yenyewe si mbaya. Mara nyingi unachopata ni kurudishwa Baraza liamue upya, au kiasi kidogo zaidi chenye tarehe. Karatasi ambayo Baraza halikuiona usitegemee kuipenyeza huku juu.

Kuruka rufaa na kwenda moja kwa moja Mahakama Kuu kwa kuikwepa amana huishia kwa jibu fupi: nenda Baraza. Wakati huo siku zinakwenda. Una siku 60 tangu amri itolewe, na Baraza linaweza kuongeza 60 nyingine, basi.

Kanuni ya Hifadhi ya Jamii ya 2020 (Code on Social Security), sheria mpya inayochukua nafasi ya ile ya 1952, imeweka amana ya asilimia 25, kwa hiyo hakikisha kwanza amri yako inaongozwa na sheria ipi.

Ukishapewa tarehe ya kulipa, soma pesa ziende wapi, kwa Baraza au kwa ofisi ya mfuko. Ukiona hutafikisha, omba muda kabla tarehe haijapita. Ikipita, rufaa inaweza kutupwa, zuio linaanguka nayo, na ofisa ana kifungu cha 8F cha kuiandikia benki yako moja kwa moja.