Barua kwa mwanangu: Kwa nini Prospero alikiacha kitabu chake

Tabora

Mwanangu mpendwa,

Hatujambo. Goti la mama yako bado linamsumbua, lakini sokoni anafika. Ujumbe wako niliusoma usiku, na usingizi ukanipaa. Unasema binti mmoja darasani kwako alisimama akauliza: kama uchawi wa Prospero, yule baba katika Tufani, tamthilia ya Shakespeare, ulikuwa mzuri, kwa nini aliutupa? Na kama ulikuwa mbaya, mbona tunamsoma? Nawe unataka kujua mimi ningemjibu nini.

Kwanza neno lenyewe. Huku kwetu ukisema "mchawi", mtu anawaza fisi na giza la usiku. Mchawi wa namna hiyo katika Tufani ni Sycorax, aliyefukuzwa Algiers, akambana Ariel, roho wa hewani, ndani ya msonobari. Prospero ni msomi. Alisoma mpaka pepo na mawimbi vikamtii. Tofauti hiyo haikuwa ndogo kwa Shakespeare: mwaka 1611 tamthilia hii ilichezwa mbele ya Mfalme James wa Uingereza, ambaye mwaka 1597 alikuwa ametoa kitabu chake mwenyewe cha kuwashutumu wachawi.

Lakini usimtetee upesi. Prospero alikuwa mtawala wa Milan, akamwachia ndugu yake Antonio kazi yote ili yeye ajifungie na vitabu. Antonio akala njama na mfalme wa Naples, wakamtosa baharini katika mashua chakavu pamoja na Miranda, mtoto ambaye hata miaka mitatu hajatimiza. Mzee Gonzalo, kwa huruma yake, aliwapakilia chakula, maji, nguo na vile vitabu. Na Prospero anamwambia binti yake waziwazi kwamba vitabu hivyo anavithamini kuliko nchi yake. Nchi nzima, mwanangu, na watu wake!

Hapo mimi huwa nasimama. Ulipokuwa darasa la nne nilikuwa najiandaa na mitihani ya digrii, kila jioni mlango nimeufunga, nanyi mkipita kwa kunyata. Siku moja uligonga, una daftari la hesabu. Nikasema "baadaye." Ukalisukuma chini ya mlango ukaenda kulala. Nililiona asubuhi, umeshaondoka shuleni. Sijawahi kukuomba radhi kwa siku ile. Naomba radhi leo.

Mashua ikawafikisha kisiwani; huko Prospero alikaa miaka 12, na elimu yake haikumfanya mwema. Caliban, mwana wa Sycorax aliyemkuta huko, alifundishwa lugha, kisha, baada ya kumkosea Miranda, akageuzwa mtumwa wa kubeba kuni; anasema faida aliyoipata katika lugha ile ni kujua kulaani. Naye anajua nguvu ya bwana wake ilipo, maana anapokula njama ya kumwua, anawaambia wenzake wachukue vitabu kwanza.

Kinachombadilisha Prospero si kitabu. Maadui zake, walioletwa kisiwani na tufani aliyoizusha yeye, amekwisha kuwanasa, wamepagawa kwa majuto, na Ariel anamwambia kwamba yeye angekuwa binadamu, angewahurumia. Ariel ni roho tu, hana damu! Prospero anaona haya. Anaamua kusamehe, ndipo anaahidi kuivunja fimbo yake ya uchawi na kukizamisha kitabu.

Kwa hiyo mwambie binti huyo: hakukiacha kwa kuwa uchawi ulikuwa mbaya. Alikuwa anarudi Milan, kwenye kazi aliyoikimbia, na kitabu ndicho kilichokuwa mlango aliojifungia. Vitabu peke yake havimtengi mtu na watu. Mwalimu Nyerere alisoma hapa Tabora, akafundisha St. Mary's hapa hapa, na baadaye, nchi ikiwa mikononi mwake, akaleta Kiswahilini tamthilia mbili za huyu huyu Shakespeare, Juliasi Kaizari na Mabepari wa Venisi.

Na urithi wa Prospero? Mtazame Miranda anapoingia mara ya kwanza. Meli inazama, naye analia kwa ajili ya watu asiowajua hata mmoja. Nani alimlea hivyo, kisiwani kule, kama si baba yake? Elimu yote ile, kwangu mimi, haikuzaa kitu kikubwa kuliko machozi hayo.

Ukija likizo njoo na nakala yako, yangu imeliwa na mchwa. Tutaisoma kwa sauti barazani, mama yako awe Ariel.

Baba yako