Kabla ya kuweka toleo jipya la Brogue, maliza kwanza safari uliyoianza

Brogue haujulikani sana hapa Mbeya, lakini kwa mtu mwenye kompyuta iliyokwishatumika, kama zile zinazouzwa Mwanjelwa, sijaona mchezo wa mahandaki unaomfaa zaidi. Hauhitaji kadi ya picha yenye nguvu, ukishaupakua hauhitaji intaneti, na ni mdogo kiasi kwamba bando halishtuki. Uliandikwa na Brian Walker na kutoka kwa mara ya kwanza mwaka 2009. Baada ya toleo lake la 1.7.5, wapenzi wa mchezo wenyewe waliichukua kazi na kuiendeleza kwa jina la Brogue CE (Community Edition, yaani toleo la jamii), jambo linaloruhusiwa kwa sababu msimbo wake ni huria chini ya leseni ya AGPL. Wanarekebisha hitilafu, wanasawazisha nguvu za silaha na za maadui, na wameongeza michoro midogo kwa wale wasiopenda kumwona shujaa wao akiwa alama ya @ tu.

Kazi yao naiheshimu sana, na marekebisho yao nayaweka kila yanapotoka. Ila kuna jambo moja ninalomsisitizia kila anayeniuliza: usiweke toleo jipya juu ya lile la zamani wakati una safari ya handakini ambayo haijaisha.

Sababu yake iko katika namna mchezo huu unavyohifadhi kumbukumbu. Faili yenye kiishio cha .broguesave haikutunzii hali ya handaki kama ulivyoliacha. Ndani yake mna namba ya mbegu iliyozalisha handaki zima, pamoja na mfululizo wa vitendo vyako vyote tangu ulipoanza. Ukiifungua, programu hulijenga handaki upya kutokana na mbegu ile, kisha hurudia hatua zako kwa kasi hadi pale ulipoishia. Sasa, ikiwa toleo jipya limebadilisha hata kitu kidogo, tuseme uwezekano wa kukutana na nyani mwizi katika ghorofa ya pili, hesabu za bahati zinazofuata huweza kusogea zote, na hatua iliyokuwa ikikupitisha mlangoni ikakugongesha ukutani. Hapo kumbukumbu haiwezi tena kuaminika, hata kama ulikuwa umebakiza ghorofa chache kufikia ya 26, ambako hirizi ya Yendor, kitu unachokitafuta mchezo mzima, inakungoja.

Jambo hili nililiona waziwazi tulipokubaliana na mdogo wangu, anayeishi Iringa, tucheze mbegu moja, kila mtu kwenye mashine yake, halafu tulinganishe kwa simu. Katika chumba cha hazina, kile chenye vizimba ambamo ukichukua kitu kimoja vingine vyote hujifunga, mimi niliona fimbo ya moto kati ya vilivyokuwapo. Yeye akaniambia, "Kaka, huku kwangu chumba hicho hakipo kabisa." Mbegu ilikuwa ileile, yeye alikuwa bado na 1.7.5, mimi nilikuwa na CE.

Kwa hiyo pakua toleo jipya kutoka kwenye hifadhi ya mradi wenyewe iliyopo GitHub, tovuti ya kuhifadhia msimbo wa programu, si kwa mtu aliyelifunga upya kwa mikono yake, kisha lifungulie katika folda yake peke yake, yenye namba ya toleo kwenye jina. Folda ya zamani iache ilivyo, pamoja na nakala yake kwenye flashi, hasa msimu wa mvua, umeme unapokatika ghafla na betri ya kompyuta imekwisha kuchoka. Soma orodha ya mabadiliko kabla ya kuanza, maana silaha uliyoizoea huenda imepunguzwa makali.

Na ukikutana na hitilafu, usiishie kulalamika kwamba mchezo umeharibika. Bonyeza kitufe cha ~ ili uone namba ya mbegu, iandike pamoja na namba ya toleo, eleza ulikuwa ghorofa ya ngapi na ulifanya nini, kisha uwatumie watunzaji wa mradi na faili yako ya .broguesave, au ya .broguerec, ambayo ni rekodi ya safari iliyokwisha. Kwa kuwa faili hiyo hurudia kila hatua yako, wao huko waliko wataweza kuiona hitilafu ikitokea mahali palepale ulipoiona wewe.