Uliza Fundi Umeme: Dimu imezima upande mmoja

Safari hii barua nyingi zimekuja na taa, hasa dimu, ile taa ya mbele inayomulika chini na karibu, tofauti na fuli inayomulika mbali. Sishangai. Dimu ndiyo taa inayowashwa usiku kucha, na kwenye magari mengi huwashwa hata mchana, kwa hiyo balbu yake hufa mapema kuliko ya fuli. Nimechagua maswali matano. La kwanza nimelijibu kwa urefu kwa sababu ndilo linalowatoa watu jasho.

Swali: Shikamoo Fundi. Dimu ya upande wa abiria imezima tangu juzi, ila fuli zinawaka pande zote mbili. Nimeshanunua balbu, imeandikwa H7 kama ile ya zamani ilivyoandikwa kwenye kitabu cha gari. Nilipofungua boneti nikakuta nyuma ya taa hakuna hata pa kupitisha mkono. Mume wangu naye ananiambia nikigusa tu kioo cha balbu nimeshaiua. Niendelee mwenyewe au nimpelekee fundi?

Jibu: Marahaba, mwanangu. Endelea mwenyewe, ila usiifanye kazi hii ukiwa na haraka ya kwenda mahali.

H7 ni balbu ya uzi mmoja (ule waya mwembamba wa ndani unaowaka), volti 12 na wati 55. Kazi yake kwenye gari lako ni dimu peke yake, na ndiyo maana fuli haikuguswa. Zima taa, zima injini, toa ufunguo. Kama gari limetoka safari, subiri lipoe, maana balbu ya halojeni kama hii huwaka kwa joto kali mno na ngozi ya kidole haisamehewi. Kabla ya yote hayo angalia kama kwenye kasha la taa kuna kibandiko cha onyo la umeme mkubwa, au herufi kama D1S au D2S. Hizo ni taa za zenoni, huwashwa kwa maelfu ya volti, na hapo ningekuambia ufunge boneti na uende kwa fundi. Kwa kuwa yako ni H7, twende.

Kuhusu nafasi: mara nyingi kinachoziba ni bomba la hewa linalokwenda kwenye chujio, au chupa ya maji ya kuoshea kioo, au betri. Bomba la hewa hutoka kwa klipu mbili tatu, litoe. Betri ukilazimika kuitoa, anza na waya wa hasi, na uwe na namba za siri za redio kama gari lako huzidai. Kuna magari ambayo mlango wa kufikia balbu uko ndani ya tao la gurudumu. Unakata usukani upande mmoja, unafungua kifuniko cha plastiki, unaingiza mkono. Yapo pia yanayotaka bampa zima litoke. Hayo sikulaumu ukiyaacha. Kitabu cha gari kitakuambia lako ni la kundi gani, na umekwishakifungua, kwa hiyo umewashinda wateja wangu wengi.

Nyuma ya taa utakuta kifuniko, cha mpira au cha plastiki ya kuzungusha. Kitoe. Ndani utaona plagi imechomekwa kwenye miguu miwili ya balbu. Ishike plagi yenyewe, uitikise kidogo kidogo huku unaivuta. Usivute waya. Ikishatoka itazame vizuri: ikiwa na rangi ya kahawia kama mkate uliobabuka, au plastiki imelainika, balbu mpya haitadumu hapo, na plagi nayo ibadilishwe.

Sasa springi. Hapa ndipo watu wanapokwama, na mafundi wengine huona kero kueleza. Ni waya mmoja uliopindwa unaoibana balbu isicheze. Upande mmoja umefungwa kwa bawaba, upande wa pili umenaswa kwenye ndoano ndogo. Kabla hujaugusa, ingiza simu yako nyuma ya taa upige picha yenye mwanga. Picha hiyo itakuokoa wakati wa kurudisha, kwa sababu utakuwa unafanya kazi kwa kupapasa. Kisha usukume waya kwenda mbele, kama unaizamisha balbu ndani zaidi, halafu uutelezeshe pembeni utoke kwenye ndoano. Ukiuvuta kurudi nyuma moja kwa moja hautoki, utakuumiza kidole tu. Kijana ninayemfundisha kazi ana vidole vyembamba, na springi zote za karakana nimemwachia yeye. (Magari mengine hayana springi, yana kishikio cha plastiki kinachozungushwa au kubonyezwa. Hayo ni mteremko.)

Balbu ya zamani ikishatoka, iinue uitazame dhidi ya mwanga. Uzi uliokatika utauona. Kioo kikiwa cheusi ndani, imezeeka, imekufa kifo chake. Kikiwa na utando mweupe kama maziwa, hewa iliingia. Pengine ilikuwa na ufa. Na kama uzi ni mzima na kioo ni safi, simama hapo. Huenda balbu haina kosa, na shida iko kwenye fyuzi au plagi. Magari mengi yana fyuzi ya dimu ya kulia na nyingine ya kushoto, ndiyo maana fyuzi moja ikikatika taa moja tu huzima. Iangalie hiyo kabla ya kuendelea.

Mumeo ana haki nusu. Kioo cha balbu hii ni cha kwatzi na hufanya kazi kwa joto la mamia ya nyuzi. Mafuta ya kidole yakibaki juu yake, sehemu hiyo hupata joto tofauti na kwingine, kioo kinadhoofika, hata kuvimba au kupasuka. Lakini balbu haijafa kwa kuguswa. Ukiigusa, chukua kitambaa safi kisichoacha nyuzi, kitie spiriti, ifute, iache ikauke kabisa. Bora zaidi uishike kwa kitako chake cha chuma, au uvae glavu safi. Nasema safi, maana nimeona watu wakivaa glavu zenye grisi ya injini ili eti wasiichafue balbu.

Kurudisha ndiyo kazi hasa. Kitako cha H7 kina sahani ya chuma yenye kijino, na tundu la taa lina pengo lake. Kuna namna moja tu ya kukaa. Ikikaa, utahisi sahani imelala bapa pande zote na balbu haizunguki. Ukihisi upande mmoja umeinuka, hata unene wa ukucha, itoe uanze tena. Usiilazimishe kwa springi. Watu hutegemea springi ishindilie balbu mahali pake, kumbe springi kazi yake ni kuishikilia iliyokwisha kukaa. Ingiza simu tena, piga picha, uilinganishe na ile ya kwanza. Chomeka plagi mpaka mwisho, washa dimu, hakikisha, kisha zima.

Kifuniko usikidharau. Kikikaa mshazari, vumbi na maji vitaingia, na rifleketa itaanza kubabuka. Rifleketa yenyewe, ule ukuta unaong'aa ndani ya taa, usiifute hata ukiona vumbi. Ule mng'ao ni utando mwembamba sana wa alumini na kitambaa huuondoa.

Halafu nunua balbu ya pili kwa ajili ya upande wa dereva. Zote mbili ziliwashwa saa zilezile, na iliyobaki haiko mbali. Kama umechoka leo, iweke garini.

Swali: Fundi, mimi nabadilisha balbu ya dimu ya kulia mara kwa mara. Ya kushoto ni ileile niliyonunua na gari. Fundi mmoja ameniambia altaneta inachaji kupita kiasi. Nibadilishe altaneta?

Jibu: Usibadilishe chochote bado, kaka. Altaneta, ile mashine inayozalisha umeme injini ikiwaka, inalisha taa zote mbili. Ingekuwa inatoa volti nyingi, balbu ya kushoto nayo ingekuwa inakufa. Ni kweli volti zikizidi balbu haziishi: ongezeko la asilimia 5 tu hupunguza maisha ya balbu karibu nusu. Kupima si kazi. Weka mita ya volti kwenye betri injini ikiwa inawaka. Ukiona kati ya 13.5 na 14.5 basi altaneta iache. Ikipita 15, huyo fundi ana hoja.

Lakini ugonjwa wa upande mmoja hutafutwa upande huohuo. Anza na plagi: ikilegea, mguso wake na miguu ya balbu huwa hafifu, panachemka, na joto hilo humalizia kitako cha balbu. Fuata na taa yenyewe. Ishike uitikise. Gari likiwahi kugongwa mbele, hata kidogo, kuna sikio la kushikilia taa linalovunjika bila kuonekana. Taa inatetemeka barabarani na uzi wa balbu hauvumilii mtikisiko. Mwisho tazama kama kuna matone ya maji ndani ya kioo. Tone likiangukia balbu inayowaka, hakuna kitakachobaki.

Ninakisia ni plagi. Ukiipata imeungua, fundi akate mpaka kwenye waya unaong'aa, aweke plagi ya kustahimili joto, na maungio yabanwe au yachomelewe risasi. Kusokota waya na kuzungushia selotepu sikubali.

Swali: Nimebadilisha balbu za dimu mwenyewe, za H4, na zinawaka vizuri sana. Tatizo kila gari ninalokutana nalo linanipigia fuli. Je, balbu ni kali mno?

Jibu: Balbu ni sawa, imekaa vibaya. H4 ina nyuzi mbili ndani ya kioo kimoja, wati 60 za fuli na wati 55 za dimu. Uzi wa dimu una kijiko kidogo cha chuma chini yake, kinachozuia mwanga usiangukie nusu ya chini ya rifleketa. Ikiingia kichwa chini miguu juu, mwanga wote unakwenda machoni mwa watu. Kitako kina masikio matatu, na moja kati ya hayo ni pana. Kwa kawaida hilo hukaa juu. Balbu hii haiingii vibaya bila kulazimishwa, kwa hiyo nadhani unakumbuka mahali ulipokaza mkono.

Ukishaiweka sawa, egesha penye tambarare ukitazama ukuta, washa dimu. Utaona mstari unaotenganisha mwanga na giza: umelala sawa upande wa magari yanayokuja, na unapanda kidogo upande wa pembeni ya barabara. Taa mbili zitoe mstari unaofanana, kwa kimo kimoja. Kimo chenyewe kiwe chini ya kimo cha taa. Kwa magari mengi madogo, ukuta ukiwa mita 10 mbele, mstari hushuka karibu sentimita 10 au zaidi kidogo. Angalia pia ile swichi yenye namba 0 hadi 3 karibu na usukani, kama unayo. Hiyo hushusha taa unapobeba mzigo nyuma.

Swali: Mzee, nataka mwanga zaidi. Niweke balbu za wati 100 au za LED?

Jibu: Hizo za wati 100 hapana. Balbu ya wati 55 huvuta kama ampea 4.6, ya 100 huvuta zaidi ya 8. Fyuzi ya dimu mara nyingi ni ya ampea 10, kwa hiyo haitakatika, na hapo ndipo hatari ilipo: waya na plagi vitachemka huku fyuzi ikitazama tu.

LED zinavuta umeme kidogo, hilo ni kweli. Lakini rifleketa yako ilichorwa kuzunguka uzi mwembamba uliopo mahali maalumu, na taa ya LED ina umbo lingine. Mwanga unatawanyika, unaona karibu panang'aa sana na mbali hupaoni, na anayekuja anapofuka. Nchi nyingi haziruhusu kuziweka kwenye taa iliyotengenezewa halojeni. Kuna magari pia ambayo kompyuta yake itadhani balbu imeungua. Kabla ya kutafuta wati, tazama kioo cha mbele cha taa zako. Kikiwa kimefubaa na kuwa cha njano, kisugue kwa dawa yake kirudi kung'aa, uweke balbu mpya za wati zilezile. Wengi huishia hapo, wameridhika.

Swali: Dimu zote mbili zimezima kwa pamoja usiku mmoja. Balbu mbili zinaweza kuungua kwa wakati mmoja?

Jibu: Ni nadra. Mara nyingi moja ilizima zamani na hukuigundua, mpaka ya pili ilipoifuata. Zitoe zote uzitazame. Nyuzi zikiwa nzima, angalia fyuzi, kisha rele ya dimu, yaani swichi ndogo inayoendeshwa na umeme. Kwenye kisanduku cha fyuzi huwa kuna rele nyingine inayofanana nayo, zibadilishane mahali uone, ila hakikisha namba zilizoandikwa juu yake ni zilezile. Bado giza? Basi ni swichi ya usukani au waya, na hapo mtafute fundi mwenye mchoro wa umeme wa gari lako. Asiye na mchoro ataanza kutoboa waya zako moja baada ya nyingine kwa taa ya kupimia, na utarudi kuniandikia.